Folda Iliyoitwa Same

Sumaiya, uko hewani? Nisikilize.

Unajua kila asubuhi chai ikiwa jikoni naendesha safari moja kwenye gemu langu la mabasi. Leo likafunguka kama ndiyo kwanza nimeliweka. Nikaenda kwenye nyaraka, linakohifadhi hatua zangu na ile ramani ya barabara ya Hedaru niliyoichora mwenyewe. Ile ya kuonyesha kwenye usaili wa kazi Moshi! Folda ya Same haipo. Haipo!

Nikauliza kwa sauti nani kaigusa. Wifi Sabrina anakoroga uji, hata hageuki. "Ah, ile? Niliifuta jana nikisafisha laptop. Si imeandikwa 'same'? Kwa Kiingereza ni kilekile. Nikajua ni nakala."

Same mji wetu, Sumaiya! Mtu kaolewa Same, anapanda mabasi yameandikwa Same, leo ndiyo anakumbuka Kiingereza!

Nikafungua pipa la taka la laptop niirudishe. Tupu. Nalo kalimwaga.

Unaijua sauti yangu ilivyo kubwa, lakini leo sikuipandisha. Nikauliza polepole, "Wifi, kama ulidhani ni nakala, kwa nini ukamwaga na pipa?"

Kaka Muhidin, mumewe, alikuwa mezani, akaacha kutafuna. Nikadhani atanitetea. Akasema, "Malizaneni wenyewe," akaendelea na chapati yake. Kaka yangu wa tumbo moja!

Sabrina akaweka mwiko chini.

"Haya, nilijua ni yako. Chuo umemaliza, kazi huna, unashinda na mabasi ya uongo. Panda la kweli basi, uondoke nyumbani kwangu."