Bosi Alipouliza "Iko?"

Tafadhali, wewe unayesoma, usimwambie mtu hata neno moja la humu. Usipige picha ya skrini, usitume kiungo kwenye kundi lolote. Kilosa ni mji mdogo, ofisi yetu ni ndogo zaidi, na mimi bado niko kwenye muda wa majaribio.

Jumamosi, jioni. Joto limekataa kuondoka hata baada ya jua kuzama. Nimeoga, nimekaa, nimesimama, nimekaa tena. Chai imepoa. Mguu wangu wa kulia bado unakanyaga kitu ambacho hakipo.

Mimi ni karani. Napokea simu, naandika risiti za mbegu, napanga mafaili. Kuendesha gari si kazi yangu, ila leseni ninayo, na dereva wetu Saidi amelala na malaria. Kwa hiyo bosi akaniagiza nimpokee mama yake kwenye treni ya kutoka Dar, nimfikishe nyumbani kwake, mbele kidogo ya mji wa Mikumi, njia ya Iringa.

Sharti lilikuwa moja. Kwenye gari la bosi kuna kitufe cha kubana mafuta kilichoandikwa ECO. Yeye hukitamka "iko". Ukikiwasha, jani dogo la kijani linawaka kwenye dashibodi, na bosi analipenda jani hilo kama mtoto wa mwisho. Saidi akirudi safari, kabla hata ya salamu anaulizwa, "Iko?" Naye hujibu, "Iko, bosi," wakati amekizima tangu anatoka getini na kukiwasha tena akikaribia kurudi. Ofisi nzima inajua, isipokuwa bosi.

Mimi si Saidi. Nikiambiwa kisizimwe, hakizimwi.

Mwanzoni niliona bosi ana haki. Gari lilikwenda kimya, halikurupuki, halirushi watu. Mama yake, Bibi kwangu, alisinzia vizuri tu. Kilichomwamsha ni joto, maana kiyoyozi nacho kilikuwa kinabana, kinapuliza kama mtu anayepoza uji. Akajipepea kwa khanga, akauliza kama hiyo AC ni ya mapambo. Tulipopanda kilima, gari likivuta pole pole, akanitazama.

"Mjukuu wangu, unaliendesha au unalibembeleza?"

Nikamweleza kwamba tunabana mafuta. Akasema mwanawe tangu mdogo alikuwa anabana hata sukari ya wageni.

Tulipovuka mji wa Mikumi tukakuta lori limebeba kontena, linakwenda taratibu. Mbele palikuwa peupe mpaka kwenye kona. Nikawasha indiketa, nikatoka, nikakanyaga mafuta.

Gari likafikiri kwanza.

Sijui niandike vipi zaidi ya hivyo. Saidi alishawahi kunieleza kwamba nguvu ya gari haiondolewi na kitufe, inacheleweshwa tu. Ukikanyaga mpaka chini inakuja. Mimi nilikanyaga nusu, kwa adabu, kama ninavyofanya kila kitu. Nilikuwa bado ubavuni mwa lori basi lilipotokea konani. Likanipigia taa, kisha honi ndefu. Nikashika breki, nikarudi nyuma ya lori. Basi likapita na upepo wake ukatutikisa.

 Bibi aliziba mdomo kwa khanga, na hakuitoa haraka.

Nikakibonyeza kile kitufe. Jani likazimika. Kiyoyozi kikaamka, hewa ya baridi ikatupiga usoni, na gari likawa jepesi hadi nikaliogopa. Nikigusa tu mafuta, linaruka. Nilisubiri barabara iliyonyooka, nikalipita lori kabla sijamaliza kuogopa.

Hapo hapo simu ya Bibi ikaita. Ni bosi. Bibi akaiweka sauti ya nje. Asubuhi nzima mwanawe alikuwa amemsumbua kuhusu dawa yake ya presha, asiisahau.

"Mama, iko?"

"Iko, mwanangu, iko," Bibi akajibu, akipapasa pochi.

"Safi. Mwambie huyo binti asiizime."

Simu ikakatika. Bibi akanigeukia. "Eti usiizime. Dawa inazimwaje?"

Ningeweza kumweleza. Nikasema mtandao unasumbua.

Tulipofika, kabla ya kushuka, akanishika mkono. "Hili la basi usimwambie. Atanikataza kusafiri, niwe mtu wa kuletewa vitu ndani." Nikamwahidi. Niseme ukweli, niliahidi kwa furaha, maana siri yake ilifunika yangu. Nikarudi Kilosa karibu niimbe. Kabla ya geti la ofisi nikakiwasha tena kitufe.

Jioni hii bosi amenipigia. Alikuwa mchangamfu sana. Kesho analichukua gari yeye mwenyewe, na mkewe na watoto, wampitie Bibi, waende harusini Iringa. Amesema sasa ana hakika halina shida safari ndefu jani likiwaka, kwa sababu mama yake mzazi amemthibitishia.

Yeye huliendesha hapa mjini tu, sokoni na nyumbani. Safari ndefu zote ni za Saidi, na Saidi huzima.

Kesho gari litajaa watu na mabegi. Litapanda mlima wa Kitonga, wenye kona kali, nyuma ya malori, jani likiwaka, na bosi hatakizima hata mara moja.

Nimeandika ujumbe mara kadhaa, nikaufuta. Ujumbe wangu huusoma akipenda. Lazima nimwambie ana kwa ana. Nikimwambia kuhusu basi, nimevunja ahadi niliyompa Bibi. Nikimwambia nilizima, ataniuliza na Saidi je. Nimetafuta njia ya kusema nusu na sijaiona. Bibi anaweza asinisamehe, lakini ndiye atakayekaa kiti cha mbele.

Ufunguo ninao mimi. Atakuja kuuchukua ofisini asubuhi, na hautoki mkononi mwangu kabla hajanisikiliza.

Ukitaka kunipata, andika maoni hapa chini, bila jina langu wala la ofisi. Nitajibu. Kabla ya saa mbili asubuhi usinitafute popote, nitakuwa getini. Na kuanzia Jumatatu usipige simu ya ofisini ukadhani ni mimi. Sikiliza kwanza sauti ya anayepokea.