Funga Mlango, Baba Njeri

Jumatatu, 4 Agosti

Leo nimeamka wa kwanza mtaa mzima wa Satellite. Kabla ya muuza maziwa. Kabla ya wezi hata.

Sawa, uongo. Nimeamshwa na kuku wa jirani. Alikuwa amesimama juu ya kifua changu akinitazama kama daktari. Jana nililala nikaacha mlango wazi tena. Baridi ya Agosti iliingia ikakalia kiti kizuri.

Nimemfukuza kuku. Nimechemsha chai, nimetia kijiko kimoja cha sukari kama walivyoamuru wale wa kliniki. Halafu nimewasha simu nimsikilize marehemu mke wangu. Ndiyo kazi yangu ya kila asubuhi. Sauti yenyewe ni fupi, haimalizi hata funda la chai: "Baba Njeri, funga mlango. Baridi inaingia na wewe umekaa tu hapo kama gunia la viazi." Na humo anaguna. Maneno nayajua. Kile kiguno ndicho ninachoamkia.

Miaka arobaini na moja niliambiwa nifunge mlango. Mwanzoni nilikuwa nasahau. Baadaye ilikuwa kumchokoza tu. Mwishowe akatoa tangazo: siku nitakayofunga bila kuambiwa, atanitilia kijiko cha pili cha sukari kwa mkono wake mwenyewe, na hatasema neno. Alifariki mwaka juzi. Kijiko sikukipata.

Jumanne, 5 Agosti

Mimi ni mjinga. Niandike kabla sijapata sababu za kujitetea.

Nilienda Dagoretti kunywa supu kwa Mwikali. Nilichuna ng'ombe pale machinjioni miaka thelathini, siwezi kukaa wiki bila kunusa. Nikainamia sufuria kuangalia kama kile ni kichwa cha mbuzi au cha kondoo, maana Mwikali huyo ni mwongo kama mimi. Simu ikateleza kutoka mfuko wa shati. Supu ikaimeza.

Mwikali akasema, "Mzee, hiyo nyama sijaweka mimi." Watu wakacheka. Hata mimi.

Tukaiopoa kwa upawa. Ningeishia hapo ningekuwa mtu mwenye akili. Lakini nikaiweka juu ya wavu wa jiko, kando ya matumbo ya mutura, ikauke. Nikageuka kubishana na mtu kuhusu siasa. Niliponusa, ilikuwa imeshaanza kuyeyuka. Ile kadi ndogo ndani yake, yenye sauti ya Mama Njeri, imejikunja kama sikio la nguruwe.

Nimerudi nyumbani nikinuka supu ambayo sikuinywa.

Jumatano, 6 Agosti

Mjini kwa fundi wa simu. Akauliza, "Mzee, hii ilichemshwa ama ilichomwa?" Nikamwambia vyote viwili, kwa mpangilio huo. Akaita wenzake waje waone.

Baadaye akaacha kucheka. Akaiangalia kadi kwa kile kioo cha kukuza, muda mrefu. Nadhani aliona uso wangu. Akasema pole, hapa hakuna kitu tena. Akaifunga kwa karatasi vizuri akanirudishia, kama anayenikabidhi maiti.

Alhamisi, 7 Agosti

Chai bila sauti. Nimejaribu kuyasema yale maneno mwenyewe, kwa sauti ya mke wangu. Jirani amegonga ukuta.

Halafu nimekumbuka. Aliyemrekodi ni Shiru. Shiru ni mjukuu wangu, mtoto wa Njeri, amebeba jina la shosho yake, yaani mke wangu. Anafanya kazi ya kompyuta Westlands, kwenye moja ya yale majumba ya vioo. Hiyo sauti aliiweka ndani ya gemu.

Jambo lenyewe lilinichukua muda kuelewa. Kuna gemu maarufu ya ng'ambo, ya kutisha. Walioipenda ni wengi dunia nzima na hawatosheki nayo, kwa hivyo wanatengeneza zao za kuiga. Hawauzi. Wanapeana bure, kila mtu anacheza ya mwenzake. Ni kama kichwa kimoja cha mbuzi, kila mtu anapika supu yake. Shiru naye akapika.

Krismasi iliyopita alikuja kunionyesha. Nyumba yenye giza, na kwenye kona kinyago cha ajuza. Kikafungua mdomo, ikatoka sauti ya mke wangu. Sikungoja kuona zaidi. Nikawageukia wageni, na akina mama wa kanisa walikuwepo, nikasema, "Huyu amemchukua shosho yake akamfanya pepo wa kutisha wazungu." Watu walicheka mpaka wakamwaga soda. Kuchekesha ninajua.

Shiru alifunga kompyuta akaenda zake. Hajanipigia tangu siku hiyo. Nami sikumpigia. Nilisema akichoka atapiga. Miezi karibu minane.

Ijumaa, 8 Agosti

Westlands. Askari wa mlangoni aliniuliza nimekuja kumwona nani. Nikamwambia nimekuja kukagua jengo. Akanitazama viatu. Nikataja jina la Shiru.

Shiru akashuka. Siku hizi anavaa miwani. Tukakaa kwenye benchi nje, na chipsi zake mapajani. Nikamweleza habari ya supu. Akacheka. Nikamweleza habari ya jiko, akaacha kucheka.

Kumbe jioni ile ya Krismasi aliifuta gemu yote. Akafuta hata sauti yenyewe. Alijua mimi ninayo, kwa hivyo hakuogopa kufuta. Halafu akawaandikia watu wote walioichukua, akawaomba nao wafute zao.

Nikauliza kama walifuta kweli.

"Walifuta, Guka. Kwetu hiyo ndiyo heshima. Mwenye gemu akisema futa, unafuta."

Sijawahi kusikia upuuzi kama huo. Nairobi ukiwaambia watu wafute kitu, kufikia jioni hata askofu anacho.

Amesema atauliza kama kuna aliyebaki nayo. Aliongea nami kama anavyoongea na mteja. Neno la kuomba msamaha lilikuwa mdomoni, nililionja kabisa. Nilipofungua mdomo nikamuuliza kama atamaliza chipsi.

Jumapili, 10 Agosti

Kanisani. Mchungaji amehubiri juu ya utiifu. Mimi nimemwomba Mungu mwizi mmoja tu, popote duniani.

Jumanne, 12 Agosti

Shiru amekuja, jua bado liko. Sikumtarajia. Nimefagia kuku na maganda kwa pamoja.

Amenisomea majibu, akinitafsiria. Ni mengi. Wanajiita majina ya ajabu, kama ya ng'ombe wa maonyesho. Kila mmoja anasema pole, nilifuta ulivyoomba. Mmoja anasema alilia akifuta. Watu wazuri mno. Ningewachapa wote.

Lakini karibu kila mmoja amemalizia kwa maneno mawili. Ya Kiswahili. Nimeyaona mwenyewe, darasa la nne nilifika: Funga mlango.

Nikamuuliza Shiru hawa wamejulia wapi.

Akavua miwani. "Guka, si hukuwahi kuicheza?"

Nikasema sikuwahi.

Akanieleza polepole. Uko peke yako ndani ya nyumba. Vinyago vibaya vinakuja kukumaliza, huvioni, huvisikii. Anayevisikia ni yule ajuza wa kwenye kona. Akisema funga mlango, ukimtii unapona. Hana kazi nyingine, ni kukulinda tu. Wale watu wakayafanya maneno hayo salamu yao. Mwenzao akienda kufanya mtihani, au kupasuliwa hospitalini, wanamwandikia funga mlango.

Alimtengeneza hivyo miezi michache baada ya mazishi. Nami nikamwita pepo mbele ya akina mama wa kanisa.

Nikasema nisamehe. Lilitoka kama jino. Nikasema, "Nilikucheka mbele ya watu na sikujua ninachocheka. Nisamehe, Shiru." Sikuongeza mzaha. Ulikuwepo mmoja mzuri, nikaumeza.

Akasema, "Sawa, Guka." Akaosha vikombe ambavyo vilikuwa safi.

Alhamisi, 14 Agosti

Bado hakuna aliye nayo. Shiru amenipa simu yake ya zamani. Iko mezani, bubu.

Nimeanza kukisahau kile kiguno. Kilikuja mwanzo au mwisho? Asubuhi nilikuwa na hakika. Saa hii sina. Nilidhani nimezika kila kitu cha kuzikwa.

Naogopa. Basi, nimeandika.

Ijumaa, 15 Agosti

Kuna mmoja hakufuta.

Shiru amepiga saa nane, kutoka kazini. Ni mama mmoja wa Ufini. Kwenye gemu anajiita Kutu. Ameandika barua ndefu, nusu yake ni kuomba radhi kwa kuvunja heshima yao. Anaishi peke yake. Alikuwa na ugonjwa wa wasiwasi, anaamka kukagua mlango mara kumi, mara ishirini. Alipopata gemu ya Shiru akawa anaifungua kila jioni, ajuza anamwambia funga mlango, anafunga mara moja, analala. Alipoambiwa afute, kidole kilikataa. Ameona aibu miezi yote hii. Gemu nzima ameituma.

Shiru alikuwa analia. Nikamwambia aandike hivi, asibadilishe: Mzee wa Satellite anakushukuru kwa ukaidi wako. Mke wangu alitafuta miaka arobaini na moja mtu wa kumtii kuhusu mlango. Sikujua yuko Ufini.

Nimeenda Dagoretti, nimenywa supu bakuli mbili. Simu nimemwachia mtu wa mbali na sufuria. Mwikali ameuliza kama nimeoa.

Jumamosi, 16 Agosti

Shiru alikuja na kompyuta saa nne asubuhi, jua linawaka. Nikamwambia atoe ile sauti tu anipe. Akakataa. "Cheza kwanza. Ulicheka bila kucheza."

Haki yake. Nikamwambia hakuna kinyago cha kumtisha mtu aliyechuna ng'ombe miaka thelathini.

Nimekufa mara tano. Mara ya kwanza nilipiga meza teke, chai ikaruka, kuku akatoka kupitia dirisha. Na si kwamba sikuelewa. Kila mara nilimsikia vizuri kabisa: Baba Njeri, funga mlango. Kidole kiko pale pale juu ya kitufe. Na sifungi. Mazoea. Nakaa kama gunia la viazi nikingoja aendelee, na vinyago vinaingia vinanila.

Shiru alishikilia ukuta kwa kicheko. Sijasikia kicheko hicho tangu kabla ya Krismasi. Ni cha shosho yake, kinaanzia puani.

Mara ya sita nikafunga.

Kukawa kimya. Halafu kutoka kwenye kona, akaguna. Kiko mwisho. Kinakuja baada ya kufunga. Shiru alikikata akakiweka hapo makusudi, kwa sababu, anasema, ndivyo Shosho alivyokuwa akiguna mtu mwingine akiinuka kumfungia.

Hilo mimi sikulijua. Ningelijulia wapi?

Sasa sauti iko kwenye simu yangu, ya Shiru, na ya Njeri. Gemu amewarudishia watu wake. Mwishoni kuna orodha ya walioitengeneza, nimemwomba anisomee. Shosho ndiye wa kwanza. Kutu yumo. Wa mwisho ni mimi: Guka, aliyeliwa mara tano.

Jumatatu, 18 Agosti

Baridi. Ukungu mpaka barabarani.

Nimeamka mwenyewe. Hakuna kuku kifuani. Yuko nje, namsikia akilalamika. Jana kabla ya kulala niliinuka nikafunga mlango. Simu ilikuwa imezimwa. Hakuna aliyeniambia.

Nimekaa nikiwafikiria watu. Yule fundi na karatasi yake. Wale waliotii, nimeshawasamehe. Mama wa Ufini. Shiru, ambaye amesema Jumamosi atakuja tena, na ameniita mkaidi, kwa upole. Asante. Sijui naiandika kwa nani, lakini asante.

Simu bado sijaiwasha. Leo nimetaka kwanza kuandika.

Chai iko tayari. Kijiko kimoja nimetia. Kopo la sukari liko hapa karibu na mkono na hakuna anayeniona, ningeweza kujitilia. Sivyo tulivyokubaliana.

Mama Njeri, mlango nimefunga. Naomba kile kijiko changu cha pili.