Karanja Ameokoka, Mimi Nimetajwa

Ruiru, Jumapili, Julai 1957

Baridi tangu alfajiri, na manyunyu yasiyokatika. Nimekaa na koti mwilini, lakini kinachonipasha joto ni hasira.

Leo kanisani Karanja ameokoka. Karanja ni fundi cherehani wa Thika ambaye nimempenda miaka mingi. Ndiyo maana nina suruali nyingi kuliko mwalimu yeyote wa huku. Waliookoka wana desturi yao: unasimama mbele ya watu, unaungama kila kitu, wanakuimbia, basi umekuwa safi.

"Nimelala na mwanaume," akasema.

"Sema jina, ndugu!" mama mmoja akapaza sauti. "Usimfichie shetani!"

Akanitaja. Nilikuwa benchi la tatu.

Wakati wa msako wa wapiganaji wa msituni, wasaliti walivaa gunia usoni wakitunyooshea kidole mbele ya askari. Karanja alinitaja uso wazi, machozi ya furaha yakimtoka. Na huyu ndiye aliyepigwa katika kambi ya kizuizini bila kutaja jina la mtu.

Leo hakupigwa. Aliimbiwa.

Nilijijua nikiwa mvulana, tukichunga mbuzi kule Theta. Hakuna aliyeniambia ninyamaze. Vicheko vya wenzangu vilitosha. Tangu hapo nimebishana na wamisheni, machifu na makarani wa Bwana DC juu ya ardhi, vitambulisho vya kipande na mishahara. Juu ya hili sijawahi kufungua mdomo.

Ibada ilipoisha, mzee wa kanisa alinivuta kando. "Mwalimu, tubu Jumapili ijayo. Ni maneno mawili tu, na kazi yako inabaki. Ukikataa, shule ni ya kanisa, unajua." Halafu kwa upole: "Haya mambo si yetu. Yaliletwa na wazungu."

"Mzee," nikamwambia, "walicholeta wazungu ni sheria ya kutufunga. Waliiandika walewale waliochukua shamba la baba yako, na wewe unailinda kama urithi!"

Alifungua mwavuli wake akaenda.

Sitatubu.

Ualimu ndiyo kazi pekee ninayoijua, na bado nasema sitatubu. Mzee akirudi, nitamfukuza. Askofu akija, tutabishana mpaka achoke yeye. Lakini akija Karanja mwenyewe, akakaa hapa mbele yangu, akaniomba?

Sijawahi kumkatalia kitu.