Buti za Safari ya Upangwani

Baba Rehema,

Barua huanza kwa kuuliza hali. Ya kwako sina namna ya kuiuliza, basi nakupa ya kwangu: nimetoka eda wiki iliyopita. Shangazi zangu walinikogesha, wakanivisha nguo mpya, wakanitoa uani kama bibi harusi aliyechuja. Kila mtu alidhani nitataka kwanza kwenda mgahawani kuona kama wasichana wameniharibia biashara. Hata mimi nilidhani hivyo. Kumbe nilichotaka ni simu. Nilitaka kumpigia Kalisto.

Muda wote wa eda sikumpigia. Niliona si adabu, mtu amekalishwa ndani kwa ajili yako, naye anapanga safari. Lakini nilikuwa naiwaza. Nikimaliza kusali naiwaza, wakiniletea uji naiwaza. Nilidhani mwongozaji wetu keshawapa watu wengine zile siku zetu za mwezi wa saba.

Hakuwapa. Aliposikia sauti yangu alisema, "Mama, siku zenu nimezikalia kama kuku." Akanipa pole, nikamsikia anavuta kamasi. Halafu akarudi kwenye utani wake uleule wa tangu mlipokutana sokoni Njombe, ulipopeleka dagaa na lori, akakubandika jina la mtu wa pwani: "Kwa hiyo Mzee wa Nazi ameuogopa mlima wetu, akakata kona."

Miezi minne watu wananong'ona mbele yangu kama mimi ndiye niliyekufa. Nilicheka, Baba Rehema. Nilicheka mpaka dada yako Bi Tatu akachungulia mlangoni aone kama nimerukwa na akili.

Kalisto amefanya kazi aliyokuahidi. Amepita vijiji vya juu vya Upangwani, kimoja baada ya kingine, akiuliza kama kuna anayemkumbuka binti aitwaye Agnesi aliyeondoka na baba yake kwenda kukata mkonge pwani ya Lindi. Kila mahali walitikisa kichwa. Kwenye kijiji kimoja, kule ambako gari halifiki, akaoneshwa bibi mmoja asiyeona. Bibi ni mdogo wake Agnesi, mama yako. Kwa anavyomweleza Kalisto, gauni la mama mkwe wangu lingemtosha, ufupi uleule. Alipotajiwa jina hakulia wala hakushangaa. Aliuliza tu, "Alifika?"

Nilikaa chini kwenye mkeka na simu sikioni.

Unajua kwa nini. Nilikuwepo nawe mama yako alipokuwa anakwisha, mchana ule wa jua kali, na yeye anaomba blanketi. Mtu aliyeishi pwani umri wake wote, aliyesilimu akaitwa Asha, akalima korosho, akazika mume huku, akakuzaa wewe na ndugu zako huku. Hakuomba apelekwe kwao. Alisema, "Kawaambieni kwetu kuwa nilifika." Siku ya kuondoka kwao walitembea kwa miguu, yeye ameshika shati la baba yake, na mama yake alisimama kwenye mgongo wa mlima akisema ukifika utume neno. Baba yake hakujua kuandika. Neno halikutumwa.

Ndiyo maana hukutaka kwenda kwa gari mpaka mwisho wa barabara ukageuza. Ulitaka kuipita njia yote ile ya milimani, kijiji kwa kijiji, kwa miguu kama walivyoipita wao.

Sasa sikiliza. Kalisto akaniuliza, "Mko wangapi?" Nikasema mmoja. Akakataa papo hapo.

"Mmoja sipandi naye, mama. Kule kijiji hadi kijiji ni kutwa nzima na simu hazishiki. Ukiteguka mguu, nikuache na nani nikaite watu? Tafuta wa pili. Ukikosa, tufanye mwakani."

Mwakani. Neno lako hilo. Mwakani Rehema anamaliza chuo, mwakani tunapaua nyumba, mwakani lori litakuwa zima. Nilikuwa nikikuambia, Baba Rehema, ukiendelea kutoa miaka hutabaki na kitu, na wewe unacheka. Mwaka mmoja tu hukusema mwakani, ukapanga kweli, ukataja mwezi, na mwaka huohuo ukaanguka asubuhi mbele ya friza la samaki na mfuko wa barafu mkononi. Nisikukasirikie? Nimekukasirikia. Na yule bibi asiyeona, mwakani yake nani ana dhamana nayo?

Nikaanza kutafuta wa pili. Rehema ana mimba ya miezi saba, hata kuinama hainami. Jirani yangu Mwanaidi ana moyo lakini hana magoti. Bi Tatu ndiye aliyenijibu vizuri kuliko wote: "Umetoka eda jana, leo unataka kupanda milima. Watu watasemaje?" Nikamwambia watasema nimekwenda. Hajanisemesha tangu hapo, na kwa kweli nyumba imetulia.

Jioni, basi la mwisho likishapita, nakaa kwenye ile meza yetu ya kona. Kitambaa cha plastiki ni kilekile. Naweza kuona mahali ulipokuwa ukiipanga safari kwa mabaki ya chakula: mfupa wa samaki changu ndio safu ya milima, maganda ya korosho ndivyo vijiji, na tone la mchuzi pembeni ndilo Ziwa Nyasa. Ukanipa hesabu ya siku nne. Nikakuambia hiyo ni hesabu ya mtu wa tambarare, aliyezoea barabara ya lami. Unapima njia kwa urefu wake, lakini mlima una urefu na una kimo, na unaposhuka magoti nayo yanadai chao. Ukabisha. Ukampigia Kalisto ili anishinde, naye akasema, "Siku tisa, na ya kumi ya kulaza miguu." Ulininunia kwa muda wa chai moja.

Na baridi, je? Ulidhani kipupwe ni kipupwe. Uliweka kikoi cha kujifunika na sweta moja ya Rehema ya shule. Kalisto akakuambia mwezi wa saba maji ukiyaacha nje kwenye sufuria yanaamka barafu. Ukanigeukia, macho yamekutoka: "Mama Rehema, barafu ya bure. Na sisi hapa Somanga tunaitolea jasho." Nimeikumbuka hiyo leo nikiwa natumbua samaki, nikalazimika kukaa.

Nilikuwa sijui kuwa mtu anaweza kutamani kitu kidogo namna hii. Lori likipunguza mwendo hapa barabarani, mkono wangu unakwenda mfukoni kwenye simu. Miaka yote ile ya safari zako, kwenye simu hukuwa mtu wa maneno. Ukifika Mbeya, ukifika Tunduru, ukifika popote, ulipiga ukasema "Nimefika," ukakata. Nilikuwa nakulalamikia, mwanamume gani hana hata salamu. Leo hilo neno moja lingenitosha mwaka mzima.

Nirudi kwenye hoja. Kama sina mtu wa pili, nikasema, angalau buti zako ziende badala yako.

Unajua ziko wapi? Hujui, zilichukuliwa baada yako. Siku ya hitma ya arobaini ndugu zako walikaa barazani wakagawana nguo zako kama ilivyo desturi. Desturi sina ugomvi nayo. Mimi nilikuwa ndani, eda inanizuia kutoka, nawasikia na kuwachungulia kupitia dirisha. Kanzu kwa huyu, koti kwa yule. Halafu nikasikia sauti ya Twaha, mdogo wako wa mwisho: "Hizi buti nachukua mimi." Buti zako za mlimani, zile ulizozisaka Kariakoo kutwa nzima, ukazivaa mpaka mgahawani ili zikuzoee, makonda wa mabasi wakakuuliza unakwenda vita gani. Twaha mguu wake mdogo. Zilikuwa zinampwaya hata kwa macho. Nilipiga ukuta kwa kofi, dada zako wakaniambia niseme Innalillahi. Nilisema. Haikusaidia.

Basi Jumapili nilipanda bodaboda mpaka Tingi. Nikamkuta Twaha anatoka shambani kwenye ufuta, na buti ziko mguuni. Zimejaa vumbi, ncha zimekwaruzika, vidoleni kashindilia matambara. Sikumpa hata salamu, nikamwambia, "Vua."

Hakubisha. Alikaa kwenye kisiki akaanza kufungua kamba, taratibu, macho chini. Alipomaliza mguu wa kwanza akasema, "Shemeji, nikuulize. Yule mama aliyesema kawaambieni nilifika, alikuwa mama wa nani?"

Nikasema, "Wa mume wangu."

"Na wangu mimi nani? Niliokotwa?"

Akaikung'uta buti aliyoivua, mchanga ukamwagika.

"Safari ya kwa mama yangu niliisikia kwa konda wa basi. Kwa konda, shemeji. Anachukua abiria, ananiambia, kaka yako na mkewe wanakwenda milimani kwa bibi zenu, wewe huendi? Nikamwambia naenda. Nikaona aibu kusema sijaambiwa."

Akafungua na ya pili, akaziweka mbele yangu, mdomo wa kiatu umenielekea. Soksi zake zimetoboka gumba zote mbili. Akasema alizichukua akijua nitazifuata. Nisipozifuata, angekwenda nazo mwenyewe, asipopajua atauliza. Tangu arobaini, kila akipata nafasi anapakia baiskeli kwenye gari la mkaa, anashuka pale vilima vya Matumbi vinapoanza, anapanda na kushuka kwa miguu peke yake, ajizoeze. "Wameniona watu wakasema nimepata jini."

Baba Rehema, kwa nini hukumwambia?

Nimejaribu kukujibia. Labda uliona hana subira, atatuchosha njiani. Labda ulitaka ufike wewe kwanza, mtoto wa kwanza, umfikishie mama yako neno lake. Labda ulikuwa unangoja mambo yakae sawa ndipo umwambie, na hukujua kuwa umebakiwa na muda mchache. Au hukuwaza kabisa. Kila jibu nikilishika linanitoka mkononi, kwa sababu mwenye jibu uko kimya na mimi sina mtu mwingine wa kubishana naye. Hilo ndilo ninalolitamani zaidi, kuliko hata kukuona. Kubishana nawe. Wewe unasema nne, mimi nasema tisa.

Niliokota buti nikamrudishia. Nikamwambia, "Vaa, utachomwa na miiba." Akazivaa. Mkewe akatuletea mihogo na chumvi, tukala bila kusema kitu cha maana.

Nilimpigia Kalisto palepale uwanjani.

"Tumekuwa wawili."

"Wa pili nani?"

"Mdogo wake Mzee wa Nazi."

"Naye anatania?"

"Huyu ananuna."

"Mlete. Mlima utamkunjua uso." Halafu akauliza viatu vyake ni vipya au vimekanyagwa. Nikamwambia vimekanyagwa na watu wawili. Akasema vizuri, vipya vinachubua.

Kwa hiyo tunaondoka. Basi mpaka Dar es Salaam, Njombe, Ludewa, halafu miguu. Kila mtu atabeba begi lake na halizidi kilo saba, nimeyapima yote kwenye mizani ya samaki, na Twaha nimemnyang'anya nazi mbili alizoficha chini ya blanketi. Halafu nikamrudishia moja. Mtu hawezi kwenda ukweni kwa baba yake mikono mitupu. Kikoi chako nimekikunja ndani ya begi langu, pamoja na masweta mawili ya kweli. Mgahawa nimewaachia wasichana, na wakiharibu nitawatengeneza nikirudi.

Nina jambo moja la mwisho, nalo nimelibeba tangu siku ile daktari aliposema moyo wako ulikuwa umetanuka siku nyingi.

Tulipokuwa tukienda kujizoeza kule vilima vya Matumbi, kila mwinuko ulipokaza ulikuwa unainama. "Ngoja nifunge kamba." Kamba zenyewe zilikuwa zimefungwa, nilikuwa naziona. Nilijua unatafuta pumzi na hutaki kusema, basi nilikuwa nageuka naangalia mikorosho ya watu, nakuachia nafasi, mpaka useme tayari. Nilidhani ni uzee tu, na ubishi. Mara nyingine ulikuwa ukiinuka unanishika bega kidogo, kana kwamba mimi ndiye niliyechoka.

Nakuahidi mambo mawili, na unajua mimi ahadi zangu nazipima kabla ya kuzitoa. Yule bibi nitamshika mkono, aambiwe alifika. Alifika, akaolewa, akazaa, akalima, na mtoto wake mdogo huyu hapa, mguse uso. Neno hilo Twaha ndiye atakayelisema, mimi nitakaa pembeni.

La pili ni njiani. Twaha akianza kuhema nitamwambia afunge kamba. Nitageuka, niangalie mashamba ya watu wa huko, hata kama sijui ni mazao gani.

Kaa salama, mume wangu. Hukunipigia, lakini nakuhesabu umefika. Tukisimama juu ya ule mgongo wa mlima na ziwa likaonekana chini, kama simu itashika nitaipiga namba yako. Najua imefungwa. Nitasema neno lako moja, nikate.

Mama Rehema,
Somanga