Wali wa Babu Rainitsiry

Mwanangu Voahirana,

Vanila uliyotutumia imefika, asante sana. Sisi tu wazima. Mabata bukini wa jirani wamemaliza kabichi zangu zote, na mwenyewe ananiambia eti nishukuru wameniachia mbolea!

Babu yako kanituma nikusimulie tena siku uliyozaliwa. Ulikwama tumboni, na mkunga alikuwa ng'ambo ya mto uliofurika. Babu, fundi wa kuzuia nyakati zisipite, akateleka chungu cha mchele, akasema, "Humu ndani hafi mtu mpaka wali huu uive." Moto uliwaka, lakini maji hayakutokota. Shangazi yako akamcheka, "Mzee, hata wali umekushinda?" Jua likasimama pale pale juu ya paa mpaka mkunga akaingia. Ulipolia tu, chungu kikatokota, na nywele za babu, nyeusi tii asubuhi ile, zikawa nyeupe pe.

Sasa aliyelala hoi ni yeye. Leo kaomba wali. Nikampikia kwa kuni mbichi makusudi, nikamwambia, "Baba, lile neno lako lisemee na chungu hiki." Akakohoa moshi, akacheka. "Umri wangu niliwagawia niliowapenda, nami nashukuru, nimeshiba. Mtu hali mchele, binti yangu. Leta kuni kavu."

Nimezileta, ila ule moto wa moshi nimeuzima. Anasema atakula ukifika, maana wali ule wa kwanza ulikuwa wako. Njoo, mwanangu. Usikimbie, kiberiti ninacho mimi.

Mama yako,
Razafy