Mwalimu Mhina, Cheo Chako Sikipokei

Mwalimu wangu,

Shikamoo. Najua hutaitikia, lakini tangu nilipokuwa mwanachuo wako hadi tukawa tunagawana meza moja ofisini, sijawahi kukusemesha bila kukuamkia, na sitaanza utovu wa adabu leo kwa sababu tu umetangulia.

Nina hasira. Nakuambia mapema usije ukadhani nimekuandikia kulia. Kulia nililia kule Handeni siku tuliyokuzika, nikamaliza.

Una miezi minne tangu utuache. Mwezi uliopita ulishuka waraka kutoka juu: mkufunzi asiye na shahada ya uzamili hawezi kuwa Mkufunzi Mkuu. Ingekuwa ni kwa wanaokuja, ningenyamaza. Lakini waraka wenyewe unahesabu kurudi nyuma miaka mitano, na wewe ulipandishwa ndani ya miaka hiyo, kwa kanuni zilizokuwepo, kwa barua yenye mhuri. Basi ukaandikiwa barua nyingine. Wewe uliye kaburini umejulishwa kwamba umerudishwa kuwa Mkufunzi Mwandamizi, na kwamba unatakiwa kuzingatia. Nimeisoma mara tatu nikitafuta neno marehemu. Halimo. Ni sawa na mtu avune mahindi yake, ayale yaishe, ndipo aambiwe jembe alilolimia lilikuwa marufuku.

Aliyeipokea ni mkeo, Mama Sefu. Alipanda gari la asubuhi akanifuata hapa Korogwe, bahasha ameifunga ndani ya kanga. Hakuuliza habari ya mafao. Aliuliza, "Mwanangu, mzee wangu alikosa nini?"

Unajua kwetu mtu hashushwi cheo bure. Anayeshushwa amekula cha umma au amemgusa mwanafunzi. Na maneno hayana miguu lakini yanatembea. Juzi nilikuwa Segera, mwalimu wa shule ya msingi tuliyemfundisha sisi wenyewe akanivuta pembeni na kuniuliza kwa sauti ya chini kama ni kweli ulikuwa na kesi. Wewe, Mwalimu, uliyekuwa ukirudisha stoo hata vipande vya chaki.

Sasa sikia lililoniwasha zaidi. Idara yetu ina nafasi moja tu ya Mkufunzi Mkuu. Kwenye orodha ya huko juu, ambako hata kifo chako hakijaandikwa, ilikuwa bado ni yako; walipokuvua, ikaonekana iko wazi, na mwenye shahada ya uzamili hapa idarani ni mimi peke yangu. Mkuu wa chuo akaniita. Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni: hakuutunga yeye waraka huo, na hakuweza hata kunitazama usoni. Akasema, "Mwanaidi, andika barua ya kukubali. Kwa marehemu haibadilishi kitu."

Haibadilishi kitu.

Nilikumbuka mwaka nilipopata nafasi ya kuisoma hiyo shahada. Chuo kilikataa kuniruhusu kwa kuwa hapakuwa na wa kushika vipindi vyangu. Na wewe ulikuwa umeomba kwenda masomoni, fomu yako umeshaijaza. Ukaniambia, "Tukiondoka wote, wanachuo watafundishwa na kuta. Tangulia wewe, mimi nitakwenda ukirudi." Miaka miwili ukafundisha vipindi vyako na vyangu. Niliporudi, ukaambiwa umevuka umri wa kupelekwa masomoni. Ukacheka, ukasema muhimu shahada imeingia idarani, kichwa ilimokaa si neno. Mimi sikucheka. Niliona haya, Mwalimu, na sikukuambia mpaka ukafa.

Halafu hao wanaoandika kwamba hukustahili, walikuwepo Lutindi? Mvua imenyesha, pikipiki imekwama, ukavua viatu na kukunja suruali, tukapanda mlima kwa miguu kwenda kumkagua mwanachuo mmoja tu aliyekuwa kwenye mazoezi ya kufundisha. Ulikaa dawati la nyuma na watoto wa darasa la tatu, tope hadi magotini. Ulipoona binti huyo wa watu anatetemeka ubaoni, ukanyoosha kidole ukamuuliza swali jepesi, darasa zima likacheka, naye akapata pumzi. Leo ni mwalimu mkuu kule Magoma.

Basi nikaingia stoo ya chuo. Unayakumbuka madaftari ya vipindi, yale ambayo kila anayetoka darasani anasaini? Siku tatu niliyapekua, vumbi likinikaba, wenzangu wakiniuliza kama nimepoteza hereni. Nikayapata yote ya miaka ile miwili. Kipindi kimeandikwa jina langu, sahihi ni yako, ukurasa baada ya ukurasa. Hata ile wiki uliyougua malaria hukuruka siku.

Barua niliyoandika si ya kukubali. Nimesema shahada mnayotaka kunipandishia ilisomwa na watu wawili, mmoja alikaa darasani kule, mwingine alisimama darasani hapa. Ikiwa inanitosha mimi, na yeye inamtosha. Mrudishieni cheo chake kwanza, na mjane wake aandikiwe kwamba mumewe hakukosa lolote. Kabla ya hapo sipokei. Nikaambatanisha nakala za madaftari. Mkuu wa chuo aliisoma, akavua miwani, akaniuliza kama najua kwamba nafasi inaweza kwenda kwa mtu wa chuo kingine. Nikamwambia najua. Akaigonga mhuri na kuipeleka.

Jibu halijaja. Wenzangu wananiita kichwa ngumu, wanasema bahati haibishi hodi mara mbili. Sijifanyi shujaa kwako, unanijua. Cheo nilikitaka, na bado nakitaka, na usiku mwingine nawaza kwamba nimejikata mguu mwenyewe. Ila kikija kwa njia hii nitakuwa nimekuvua shati nikalivaa mimi, na Mama Sefu akiniona nimelivaa.

Nakuahidi hivi: wakikataa, nitaandika tena, na wakikataa tena nitaandika tena, hadi nistaafu nikiwa hapa hapa nilipo. Kapumzike, Mwalimu wangu. Vipindi vyako ninavyo mimi sasa, na ninavifundisha vyote.

Jumamosi nakwenda Handeni. Fundi anajengea kaburi lako, na Mama Sefu ameniuliza kwa woga waandike nini juu ya jina. Nimemwambia waandike Mkufunzi Mkuu, tena wasitumie rangi, wayachore maneno hayo kwenye saruji ikiwa bado mbichi. Anayetaka kukushusha tena, na aje na nyundo.

Mwanafunzi wako,
Mwanaidi