Supu ya Kome kwa Kaka

Jumatatu, tarehe 3 Machi

Nimetoka mtaa wa Mudzipela, nyumbani kwa kaka, kumwogesha, kama kila asubuhi. Amekataa uji tena. Anataka kitu kimoja tu kabla ya kufa: supu ya kome wa mtoni, kama alivyoipika mama. Mwaka jana mtafiti mmoja alinieleza kwamba kome hao wametoweka. Nilimjibu kwamba hatuziki mtu kabla ya kuona maiti.

Jumatano, tarehe 5 Machi

Nimekwenda mtoni kwa pikipiki. Maji mazito, rangi ya tofali. Utotoni tuliwakanyaga kome kwa nyayo, tukainama kuwaokota. Leo nimekuta wachimba dhahabu tu. Nimemweleza mmoja wao, Musa, ninachotafuta. Amecheka.

"Muzee, siye tunatafuta dhahabu, weye unatafuta mboga?"

Hata hivyo, amechukua namba yangu.

Ijumaa, tarehe 7 Machi

Kaka hali chakula. Anauliza kama supu imeiva. Nimechoka kuulizwa.

Jumamosi, tarehe 8 Machi

Musa ameleta kome sita, wote wamefumba magamba. Amewachimbua chini ya changarawe.

"Iko nzito, muzee. Iko na nyama ndani."

Nimempima mmoja kiganjani. Mzito kweli. Nimempigia kaka simu papo hapo, nikamwahidi. Kosa.

Furaha, binti wa kaka, amekuja kwangu akawachemsha. Tumesubiri wafunguke. Hawakufunguka. Nimepasua mmoja kwa kisu. Matope. Wa pili, matope. Wote. Walikufa zamani, mto ukawajaza udongo na kuyagandisha magamba.

"Baba mudogo," amesema Furaha, "tumepika kaburi."

Kisha akashauri tumpikie kaka konokono. Hatajua, anasema. Nimemkemea. Sitamdanganya mgonjwa. Lakini jioni sikwenda kumwona. Niliogopa.

Jumapili, tarehe 9 Machi

Baada ya ibada nimemwambia kaka ukweli. Hakuna kome tena, wala mtoni kwetu, wala kwingine ninakokujua. Nilitegemea hasira. Hakukasirika.

"Basi ni siye tulikula ya mwisho," amesema. "Ningejua, ningekula polepole."

Furaha ameleta uji. Kaka amekula vijiko vichache, akageukia ukutani. Nimemfunika miguu, nikakaa.